Shangazi Ajibu: Watoto wetu na mashindano ya chia

Mwezi huu barua nyingi zimetoka kwa ndugu zetu walioko Marekani, na karibu zote zinagusa jambo moja: chia, mchezo uliotokana na ushangiliaji (cheerleading). Msomaji ambaye hajawahi kuuona mchezo huu asifikirie wasichana wanaotikisa pom-pom kando ya uwanja huku wengine wakicheza mpira. Hawa ninaowazungumzia hawamshangilii mtu. Ni watoto na vijana wanaofanya mazoezi kwenye jimu binafsi, wakipangwa kwa umri na kwa leveli, kuanzia ya 1 hadi ya 7, kisha wanapanda jukwaani mbele ya majaji kwa dakika mbili na nusu: sarakasi, kuruka, kucheza, kubebana, kurushana hewani na kujenga piramidi za watu. Anayebebwa huitwa flaya. Wanaombeba ni besi, kwa kawaida wawili, na nyuma yao husimama bekispoti, ambaye hushika vifundo vya flaya na kumdaka kichwa na mabega anapoanguka. Kikundi hicho, na tendo lenyewe la kubebana, huitwa stanti.

Mimi ni mtaalamu wa tiba ya viungo. Nimewatibu watoto wengi wa mchezo huu kule Texas, na binti yangu mwenyewe alikuwa besi mpaka alipomaliza sekondari. Naupenda mchezo huu, na kwa sababu naupenda, baadhi ya majibu ya leo yatakuwa makali.

Niliumia kichwa, na mashindano ni wiki ijayo

*Shikamoo Shangazi. Nina miaka 15, ni besi kwenye timu ya leveli 5. Jumanne flaya wetu aliyumba akiwa juu, akashuka vibaya, kiwiko chake kikanigonga juu ya sikio. Sikuzimia. Nilikaa pembeni kidogo, nikarudi kumalizia mazoezi. Tangu siku hiyo taa za darasani zinaniumiza macho, nasoma mstari mmoja mara tatu bila kuuelewa, na nikipiga sarakasi nasikia kichefuchefu. Sijamwambia mtu. Wikiendi ijayo tunashindana, na tukifanya vizuri tunaweza kupata mwaliko wa mashindano makubwa ya Florida. Nikitoka mimi, stanti yetu nzima imekufa. Nifanyeje nisiwaangushe wenzangu?*
*Besi, Georgia*

Marahaba, mwanangu. Kabla hujaendelea kusoma, mpe mzazi wako barua hii aisome kama ulivyoniandikia mimi. Usipunguze neno.

Unachonieleza ni dalili za mtikisiko wa ubongo. Watu hudhani lazima uzimie ndipo ihesabike. Si kweli, wengi wanaoupata hawazimii hata kidogo. Macho kuumizwa na mwanga, kusoma bila kuelewa, kichefuchefu ukijipindua: hayo yanatosha daktari akuone leo, si baada ya mashindano. Na ikitokea kichwa kinazidi kuuma, unatapika tena na tena, unaamshwa kwa shida, maneno yanakutoka ovyo, mkono au mguu unakufa ganzi, au mboni ya jicho moja imekuwa kubwa kuliko ya pili, hapo hakuna kusubiri miadi. Ipigwe 911, namba ya dharura.

Sasa kuhusu wenzako. Unawapenda, hilo linaonekana. Lakini fikiria stanti yenyewe inavyofanya kazi. Flaya akiyumba, besi ana muda mfupi mno wa kuona, kuamua na kusogea ili awe chini yake. Ubongo uliotikiswa huchelewa. Unadhani ukibaki unamlinda, kumbe unamsimamisha juu ya mikono ambayo wiki hii haiwezi kumdaka. Na kiwiko cha pili kikikupata kabla hujapona, madhara yake huweza kuwa makubwa kuliko ya kwanza. Kwa vijana wa umri wako imewahi kutokea ubongo ukavimba ghafla, wakapoteza maisha. Ni nadra sana, lakini silisemi ili kukutisha tu. Nalisema kwa sababu hakuna anayewaeleza besi habari hizi. Watu wote hutazama aliye juu.

Kuna utafiti uliofuatilia majeraha ya michezo katika sekondari za Marekani kuanzia msimu wa 2009/10 hadi 2013/14. Ulikuta chia ni wa 18 kati ya michezo 22 kwa kiwango cha majeraha, na namba hiyo wenye jimu hupenda kuitaja. Utafiti huo huo ulikuta pia kwamba mtikisiko wa ubongo ndio ulioongoza, asilimia 31 ya majeraha yote ya chia, na kwamba zaidi ya nusu ya majeraha yalitokea kwenye stanti. Maana yake ni kwamba watoto wa chia hawaumii mara nyingi kuliko wengine, ila wakiumia, mara nyingi ni kichwa.

Kurudi mazoezini kuna utaratibu wake. Madaktari huufuata kwa hatua sita: shughuli za kawaida za kila siku, mazoezi mepesi kama kutembea haraka, mazoezi ya mchezo wako yasiyo na hatari ya kugongwa, mazoezi mazito zaidi, mazoezi kamili, kisha mashindano. Kila hatua hupewa angalau saa 24, dalili zikizidi unarudi nyuma, na kabla ya kubeba mtu tena unahitaji kibali cha daktari. Piga hesabu mwenyewe. Wikiendi ijayo haimo.

Timu ya chia haina benchi la akiba kama timu ya mpira. Kila mwili una mahali pake kwenye mchoro, na mmoja akitoka panabaki pengo ambalo jaji analiona. Huo ndio uzuri wa mchezo huu, na humo humo ndimo watoto wanamobanwa. Mtoto hahitaji kutishwa na mtu ili anyamaze. Anajua mwenyewe kwamba wenzake wanamtegemea, basi ananyamaza. Ndiyo maana nasema uamuzi wa wewe kukaa pembeni usiutoe wewe. Utolewe na mzazi wako na daktari, na kocha aambiwe na mzazi, si na wewe. Mama au baba, mwandikieni ujumbe mfupi: "Mwanetu ana dalili za mtikisiko wa ubongo. Hatabeba wala kupiga sarakasi mpaka daktari atoe kibali cha maandishi. Tutakutumia." Basi. Hakuna haja ya kuomba radhi.

Kocha atabadilisha stanti. Ataazima mchezaji kutoka timu nyingine ya jimu, kama kanuni za umri zinaruhusu, au ataitoa stanti yenu na kupoteza pointi. Makocha hufanya hivyo kila msimu, ni sehemu ya kazi yao. Mwaka 2012 chama cha madaktari wa watoto cha Marekani kilitoa msimamo kuhusu chia, na mojawapo ya mapendekezo yake ni kwamba mchezaji anayeshukiwa kuumia kichwa atolewe mara moja na asirudi bila ruhusa ya maandishi. Majimbo yote 50 yana sheria za aina hii kwa wanafunzi wanamichezo, ila nyingi zinalenga michezo ya shule, na jimu yenu binafsi huenda isiguswe nazo. Kwa hiyo msisubiri sheria iwafikie.

Binti yangu ameacha chakula cha usiku

*Shangazi, binti yangu ana miaka 12 na ni flaya. Mwaka huu amerefuka ghafla. Kocha alimwambia mbele ya wenzake kwamba akiendelea hivi "atashushwa chini", na siku nyingine akasema timu nzima ichunge matumbo kwa sababu sare mpya ni fupi. Tangu hapo binti anasema ameshiba kila jioni, na nimemkuta akijipima uzito bafuni kabla ya shule. Baba yake anasema mchezo una nidhamu yake na nisimdekeze. Niongee na kocha, au nitamharibia nafasi?*
*Mama wa flaya, Texas*

Mama mwenzangu, ongea na kocha. Lakini anza na binti, na kabla ya hapo anza na baba yake, kwa sababu nyumba ikigawanyika mtoto atasikiliza upande unaompa nafasi kwenye timu.

Mwambie baba hivi. Mtoto wa miaka 12 anayerefuka anafanya kazi ambayo mwili wake umepangiwa kuifanya, na kazi hiyo inataka chakula. Wasichana wengi hurefuka kwa kasi karibu na umri huu, na ni kipindi ambacho mifupa inajazwa. Akila pungufu ya anachotumia mazoezini, mwili huanza kubana matumizi: hedhi hukawia au hukatika, mifupa hudhoofika na kupata nyufa ndogo, majeraha hayaponi, usingizi na hasira vinavurugika. Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki ililipa tatizo hili jina rasmi mwaka 2014 na kulieleza kama upungufu wa nguvu mwilini kwa mwanamichezo. Mimi nawajua watoto hao kwa miundi yao. Wanakuja wakisema mguu unauma wakitua, picha inaonyesha ufa kwenye mfupa, na nikiuliza wamekula nini asubuhi wanatazama sakafu. Baba asiliite jambo hilo nidhamu.

Sasa jambo ambalo makocha wazuri wanalijua, na ambalo binti yako hajaambiwa. Uzito wa flaya kwenye mkono wa besi si namba ya mizani peke yake. Flaya mwepesi aliyelegea ni mzigo mbaya kuliko flaya mzito kidogo aliyejikaza. Ukisimama karibu na stanti utaliona. Anayejua kazi yake hujivuta juu kutoka mabegani, magoti yamefungwa, makalio na tumbo vimekazwa, uzito wote uko katikati ya nyayo, na besi wanapumua. Akilegeza nyonga moja tu, mikono ya besi wa upande huo inaanza kutetemeka. Kujikaza huko ni misuli, na misuli haijengwi kwa kulala njaa. Mtoto aliyeacha chakula cha usiku anakuja mazoezini akiwa mlegevu, anayumba, anaanguka, kisha anaambiwa amekuwa mzito. Nimeuona mzunguko huo kwa watoto wengi na unaniudhi kila mara.

Ni kweli pia kwamba huenda asibaki flaya. Sitaki umfiche. Kwenye timu za watoto wanaoruka mara nyingi ni wadogo wa umbo, na kila msimu anakuja mdogo zaidi. Anachohitaji ni kujua kwamba kushuka chini si adhabu. Mwambie aanze sasa kujifunza ubesi na ubekispoti, na akazie sarakasi zake, kwa sababu mtoto mwenye sarakasi nzuri anahitajika kila mahali, awe mrefu au mfupi. Bekispoti ndiye anayehesabu na kuiongoza stanti, na kwa macho yangu ndiye mtu wa maana kuliko wote pale. Binti akiujua ukweli huo mapema, kocha anakosa neno la kumtishia.

Kwa kocha, nenda ana kwa ana, si mlangoni wakati wa kuchukua watoto. Mwambie mambo mawili na uyaseme kwa utulivu: mwili wa binti yako usizungumzwe mbele ya timu, na kama kuna mpango wa kumbadilisha nafasi, aambiwe kwa sababu za kiufundi, wewe ukiwepo. Kocha anayejua kazi yake atakubali, na wengine watakushukuru. Akikujibu kwamba hivi ndivyo washindi wanavyolelewa, umeshapata jibu kuhusu jimu hiyo.

Mizani itoke bafuni leo. Usimhubirie. Kuleni pamoja jioni, na mpeleke kwa daktari wa watoto ukamweleze haya yote, hasa ikiwa hedhi ilikuwa imeanza kisha imesimama, au ukimsikia akijitapisha. Hilo la pili ni la dharura hata kama anaonekana mnene na mwenye afya.

Huu ni mchezo au ni biashara?

*Shangazi, mimi ni baba wa watoto watatu, nafanya kazi ya usiku ghalani. Binti wa kwanza yuko kwenye timu ya chia inayosafiri. Kila mwezi tunalipa ada, na juu yake sare, koreografia, muziki, ada za mashindano, na hoteli ambayo hatuchagui sisi. Mke wangu anaamini atapata ufadhili wa chuo kikuu. Juzi timu ilipata mwaliko wa mashindano makubwa Florida, watu wakalia kwa furaha, kisha ikaja ankara nyingine. Je, nimtoe? Nimeshalipa nusu ya msimu.*
*Baba, Ohio*

Kaka, ni vyote viwili, na ukijua biashara yake ilikotoka utajua pa kubana.

Mwaka 1948 Lawrence Herkimer, Mtexas, aliendesha kambi yake ya kwanza ya mafunzo ya ushangiliaji huko Huntsville, Texas, akaanzisha chama cha washangiliaji cha NCA, na baadaye akatengeneza pesa kwa kuuza sare na pom-pom. Mmoja wa watu waliofanya kazi chini yake, Jeff Webb, alitoka mwaka 1974 akaanzisha kampuni yake, na huo ndio mzizi wa Varsity, kampuni ambayo leo huendesha kambi, huuza sare, na huandaa sehemu kubwa ya mashindano ambayo binti yako anayasikia. Mwaka 2018 ilinunuliwa na kampuni ya uwekezaji ya Bain Capital, na mwaka 2024 ikanunuliwa na kampuni nyingine ya uwekezaji, KKR. Wawekezaji wa kiwango hicho hawafuati utepe wa nywele wa wachezaji. Wanafuata wazazi wanaolipa kila mwezi.

Wazazi na wenye jimu waliishtaki Varsity wakidai inatumia ukubwa wake kuwabana washindani na kupandisha gharama, na suala la kulazimishwa kulala kwenye hoteli za waandaaji lilikuwa mojawapo ya malalamiko. Kesi moja ilimalizwa kwa makubaliano ya dola milioni 43.5, na nyingine, ya wazazi, kwa dola milioni 82.5 mwaka 2024. Makubaliano si hukumu ya hatia. Lakini yanaonyesha kwamba maumivu yako kuhusu hoteli hayakuanza na wewe, na wala wewe si baba mchoyo.

Kuhusu mwaliko wa Florida, uliza swali moja: ni wa aina gani? Mashindano ya The Cheerleading Worlds, ambayo hufanyika karibu na Orlando tangu 2004, yana mialiko inayolipiwa, inayolipiwa kiasi, na ile ambayo timu inapewa nafasi tu, gharama zote juu ya familia. Mashindano mengine ya mwisho wa msimu nayo yana utaratibu unaofanana na huo. Machozi ya furaha ni yale yale kwa mialiko yote, ila ankara hazifanani. Ninawasihi wazazi wasikubali kutangaziwa mwaliko mbele ya watoto kabla ya kuambiwa bei. Mtoto ameshalia na kukumbatiana na wenzake, wewe utasemaje hapana? Jimu inayoheshimu familia huwaita wazazi kwanza.

Ufadhili, kaka, usiujengee nyumba. Mwaka 2010 jaji wa shirikisho huko Connecticut aliamua kwamba Chuo Kikuu cha Quinnipiac hakingeweza kuihesabu timu yake ya chia kama mchezo rasmi wa wanawake chini ya Title IX, sheria inayokataza ubaguzi wa kijinsia katika elimu, na mwaka 2012 mahakama ya rufaa ikakubaliana naye. Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki ililitambua kikamilifu shirikisho la dunia la mchezo huu mwaka 2021, na hilo ni jambo kubwa la heshima, lakini halileti karo. Vyuo vingi vya Marekani vina timu za chia, na vingine hutoa msaada kidogo wa ada, ila mara nyingi ni sehemu ndogo sana ukilinganisha na mlichokwisha kulipa tangu alipokuwa mdogo. Kama lengo ni karo, fungueni akaunti ya akiba ya chuo. Kama lengo ni binti kupenda mwili wake unavyoweza kupaa na kubeba wengine, hilo linaweza kustahili pesa, kiasi fulani.

Umtoe? Pesa uliyokwisha lipa iache nje ya hesabu, maji yakimwagika hayazoleki. Jiulize kuhusu iliyobaki. Kama nusu ya pili ya msimu itakufanya ukope, zungumza na mwenye jimu: wengi hukubali malipo ya polepole, au mtoto kuhamia timu isiyosafiri mwishoni mwa msimu, ambapo kuondoka kwake hakuachi pengo kwenye stanti ya mtu. Msimu ujao, kabla ya majaribio ya kupangwa timu, omba maandishi yenye jumla ya mwaka mzima: ada, sare, viatu, koreografia, idadi ya mashindano na yako wapi, na je, mtoto akiumia mnaendelea kulipa? Mkataba usiojibu swali hilo la mwisho usiutie saini.

Na tafadhali, wewe na mama yake, msimwambie kamwe kwamba mnajinyima kwa ajili yake. Nimewasikia watoto kitandani kliniki wakinihesabia deni la wazazi wao kwa dola, huku wamevimba kifundo. Mtoto anayejua deni hilo hatakuambia anapoumia, wala hatakuambia siku mchezo utakapomchosha. Muulize mkiwa wawili kwenye gari, si mbele ya mama yake wala timu: ukiamka kesho chia haipo, utasikia nini? Kisha unyamaze umsikilize mpaka amalize.

Kocha anamwandikia mdogo wangu usiku

*Shangazi, mdogo wangu ana miaka 14. Nimeona kocha wake msaidizi, mwanamume wa miaka ishirini na kitu, anamtumia ujumbe usiku kwenye programu ambayo ujumbe hufutika. Anamwita nyota wake, anamwambia asionyeshe wengine maana watamwonea wivu. Mdogo wangu anasema namletea mkosi kwenye timu. Wazazi wetu wanamheshimu sana kocha. Je, ninakuza mambo?*
*Dada mtu, Pennsylvania*

Hukuzi mambo, mwanangu. Ujumbe wa siri, unaofutika, usiku, wenye sifa na agizo la kuficha: kila kimoja peke yake ni kosa la kikazi, na vikiwa pamoja ndivyo watu wanaowadhuru watoto wanavyoanza. Ukweli unauma, lakini mchezo huu una historia hiyo. Mwaka 2020 kijana mmoja aliyepata umaarufu mkubwa kupitia chia alikamatwa kwa makosa ya kingono dhidi ya watoto, na mwaka 2022 akahukumiwa kifungo cha miaka 12. Watoto waliomwamini walimwamini kwa sababu ya jina lake kwenye mchezo.

Wazazi waambiwe leo, na wewe uwe umeshapiga picha za ujumbe kabla haujafutika. Piga picha kwa simu nyingine, kwa sababu baadhi ya programu humjulisha mtumaji. Picha hizo msizisambaze kwa mtu mwingine, zikabidhiwe polisi na idara ya ulinzi wa watoto ya jimbo. Msianze kwa kumkabili kocha, wala kwa kumwomba mwenye jimu "achunguze kwanza ndani kwa ndani". Tangu 2018 sheria ya shirikisho inawataka watu wazima wanaofanya kazi na watoto kwenye michezo ya mashindano yanayovuka majimbo waripoti tuhuma za unyanyasaji ndani ya saa 24. Hawana ruhusa ya kukaa nazo. Ripoti pia kwa kituo cha SafeSport cha Marekani, kinachoshughulikia unyanyasaji michezoni, na kwa USASF, chama kinachosimamia jimu za aina hii.

Wazazi wako wanamheshimu kocha. Waambie kocha anayestahili heshima hahitaji siri na binti yao: ujumbe wote wa kikazi humwendea mzazi au kundi la timu. Na mdogo wako asiadhibiwe, asinyang'anywe simu kana kwamba yeye ndiye mkosaji, asiulizwe kwa nini alijibu. Atakasirika na wewe kwa muda. Kubali kukasirikiwa. Keti naye, mwambie hajafanya kosa lolote, urudie tena kesho.

Wajomba wanamcheka mwanangu

*Shangazi, mwanangu wa kiume, miaka 11, anataka kujiunga na chia. Wajomba zake wanamcheka, wanasema ni mchezo wa wasichana. Nimwambie nini?*
*Mama, Minnesota*

Dada, mchezo huu ulizaliwa hapo hapo mnapoishi. Ilikuwa Novemba 1898, kwenye mechi ya Chuo Kikuu cha Minnesota, mwanafunzi Johnny Campbell alipotoka mbele ya watazamaji na kuwaongoza kupiga kelele kwa mpangilio. Kwa miaka mingi ulikuwa kazi ya wanaume. Chuoni hapo wanawake waliingia mwaka 1923, na wakaongezeka kote nchini vita vya pili vya dunia vilipowachukua vijana wa kiume. Marais Franklin Roosevelt, Eisenhower, Reagan na George W. Bush wote waliwahi kuwa washangiliaji walipokuwa wanafunzi. Wajomba wapewe orodha hiyo wakati wa chakula.

Mtoto mwenyewe mpeleke akajaribu darasa moja kabla ya kulipa msimu. Wewe keti pembeni uangalie mambo haya: sakafu iwe ya springi au magodoro, si saruji. Wanaoanza wasimamiwe na mtu mzima kila wanapobeba. Kocha asiruhusu stanti mpya ipande juu kabla haijafanywa chini bila kuyumba. Na wavulana wakubwa mara nyingi huombwa wabebe watu peke yao mapema kwa sababu wana nguvu. Wa kwako ana miaka 11, mgongo wake bado unakua, asimbebe mtu juu ya kichwa peke yake hata kama anaweza. Aanze na sarakasi. Akirudi nyumbani akikuonyesha kusimama kwa mikono ukutani, jueni amepata jimu nzuri.